Baba, Nani Aliwapa "Mpagazi"?

Baba,

Shikamoo. Sisubiri marahaba, naanza tu, maana nikisubiri nitalia, na leo sikuja kukulilia. Nimekuja kukuuliza.

Hapa Sikonge tuko wazima. Mama anakula vizuri sasa. Mjomba alikwenda porini kurina asali kwenye mizinga yako, imetoka nyeusi na nzito kama unavyoipenda, ingawa nina wasiwasi kuna debe halikufika nyumbani. Kwaya wamenipa mimi. Mzee Mihayo, yule yule mkuu wa wazee wa kanisa, alitangaza kwamba nitashika kwa muda mpaka apatikane mwanaume wa kuifundisha. Inaelekea amesahau kumtafuta huyo mwanaume, na mimi sijamkumbusha.

Nafundisha kwa mtindo wako. Sauti ya kwanza nawafundisha kanisani baada ya ibada, sauti ya pili uani kwetu, ya tatu kwenye soko la tumbaku, na besi kule kwenye mabani wakichochea moto wa kukaushia tumbaku. Kila kundi peke yake, nota ubaoni, kisha nafuta. Hakuna anayeondoka na karatasi. Wimbo mzima hawausikii mpaka Jumamosi tunapooanisha. Watu walikuwa wakikucheka, wakisema Mwalimu anaficha nyimbo kama mtu anayeficha chumvi. Mimi sikukucheka. Nilijua ndivyo ulivyo, na ndivyo nilivyo. Umenilea nikishuku, Baba, hata mbaazi za dukani nazigeuza mara mbili kabla sijaziamini.

Basi hebu nieleze hili.

Nilikuwa nimepanda bodaboda kutoka stendi. Dereva amefunga spika yake kwenye usukani, imefunguliwa mpaka mwisho. Dramu zinapigwa kama mtu anabomoa nyumba, na gitaa la umeme linalia kama mashine ya kukoboa iliyokosa grisi. Nikamwuliza ni muziki gani huo wa kihuni. Akasema, "Huu wa kilokole, dada. Roki ya injili. Vijana wa hapohapo Tabora." Nilitaka kumwambia azime, na ndipo nikasikia katikati ya kelele zile: *Nitue wapi, Bwana, mabega yamechoka.*

Baba, "Mpagazi" wako. Wimbo uliomtungia babu yako aliyebeba pembe za ndovu za watu kwenye njia ya misafara mpaka mabega yakaota sugu. Nikamwambia dereva aurudishe. Akaurudisha kwa furaha, akadhani nimeokoka upya.

Albamu yao inaitwa *Njia ya Vumbi*. Kundi lao ni Mlio Mpya. Tena hawakutosheka na kurekodi, wametoa na kitabu cha nota kinachoandamana na albamu, ili kwaya yoyote iweze kuimba nyimbo zao hata kama haina gitaa. Jalada lina picha ya gitaa limelazwa juu ya reli. Nilikipata, nikafungua ukurasa wa "Mpagazi". Sauti zote nne zilikuwemo, na beti zote, hata ule wa tatu ambao tuliuimba siku ya kuiweka wakfu kengele tu, basi. Chini, mahali pa mtunzi, pameandikwa Mlio Mpya. Jina lako halipo, hata kwa herufi za siafu.

Nikaanza na kwaya. Nani mwingine? Mtu mmoja hawezi kuwa na wimbo mzima kwa mtindo wako. Ilibidi aliyeiba awe amepitia kila kundi, au makundi yote yawe yamekula njama. Nikawaita besi, wakaniapia kwa jina la Yesu na mabani yao. Nikawaita sauti ya tatu, mmoja akanuna na mpaka leo haji mazoezini. Nikawatazama sauti ya pili wenzangu, ambao tumekaa mkeka mmoja tangu wasichana, nikawaona wote wana nyuso za watu waliouza kitu. Nyumba ya Mungu ikawa kama kituo cha polisi.

Kisha nikageuza jalada, nikaona picha yao. Katikati yuko yule kijana wa rasta.

Hujui, ulikuwa umelala kwenye jeneza. Siku tulipokuzika, tarumbeta zikipigwa, nilimwona kijana amesimama nyuma kabisa, rasta zimefungwa kwa kitambaa, analia kupita kiasi. Kulia kwa mtu asiye ndugu kuna kipimo chake, Baba, na yeye alikuwa amekipita. Niliuliza ni nani. Wakasema anaitwa Elia, mpiga gitaa, wa Ulyankulu, mababu zake walikuja kama wakimbizi kutoka Burundi. Nikamtazama pua. Nitakwambia kweli, nilimtazama pua na masikio, nikilinganisha.

Kwa sababu ulikuwa na Alhamisi zako. Kila Alhamisi shati limepigwa pasi, baiskeli mpaka stendi, basi la Tabora, eti dawa ya presha. Dawa gani inahitaji shati jeupe? Mama alikuwa akisema tu, "Baba yako ana safari zake," na kuendelea kuchambua mchele. Mimi nilikwishajua. Nilikuwa nimekupangia mwanamke Tabora na nyumba yenye pazia. Pale makaburini nikaongeza na mtoto.

Kwa hiyo nilipoona ile picha, mambo yote yalikaa sawa kichwani mwangu. Mtoto wa nje amerithi nyimbo, sisi wa ndani tumerithi mizinga. Nilikasirika, Baba. Nilikuchukia kwa siku kadhaa, na Mama aliniuliza kwa nini napiga masufuria.

Nikapeleka kitabu kwa Mzee Mihayo, ila ya pua sikumwambia. Nilimwambia tu wimbo umeibwa. Sijapata kumwona na furaha kama ile. Akasema, "Nilijua. Watu wa Ulyankulu na magitaa yao." Sikupenda alivyolisema hilo, lakini sikumjibu. Akaamua: Jumapili, wakati wa matangazo, itasomwa kwamba Mlio Mpya ni wezi, kitabu chao kisiingie katika ushirika wowote wa jirani, na ataandika kwa wenzake wa Ulyankulu Elia atengwe. Unajua kutengwa ni nini kwetu. Hatashiriki meza ya Bwana, hatafungishwa ndoa, na mama yake anayeimba kwaya kule atakaa benchi la nyuma akitazamwa.

Usingizi wangu haukuwa mzuri baada ya hapo. Nilijiambia nataka tu kuhakikisha. Basi Alhamisi nikavaa vizuri kama wewe, nikapanda basi la Tabora.

Niliuliza habari za Mlio Mpya mpaka nikafika mtaa wa Ng'ambo, nyumba ya mwanamke mmoja fundi cherehani, Bi Zuhura, aliyewapangisha vijana hao chumba cha uani. Alikuwa barazani na mashine yake, miwani imefungwa kwa uzi. Nilimkagua kuanzia mtandio mpaka ndala. Nikajisemea, ndiye huyu. Yeye akanyanyua macho, akasema, "Nyamizi. Hilo paji la uso ni la mzee. Karibu mwanangu, pole sana." Akaniwekea kahawa kabla sijakaa. Akaniambia umeme ukikatika, ulikuwa unakaa palepale nilipokaa, unakunywa kahawa na kumsimulia habari za nyuki, mpaka umeme urudi na mazoezi yaendelee.

Mazoezi, Baba. Alisema mazoezi.

Nilimwuliza kitu kimoja. Nilimwuliza kama dawa ulikuwa unazichukua kweli, au zilikuwa kisingizio. Maana nilianza kuogopa kwamba umekufa kwa sababu ya gitaa. Akasema ulikuwa unapitia hospitali kwanza, unakuja na bahasha yako ya kaki, unazimeza palepale kwa kahawa, naye anakugombeza kwamba dawa humezwa kwa maji. Nimeamua kumwamini. Siyo kawaida yangu, lakini hilo nalihitaji.

Elia nilimkuta chumba cha uani na wenzake, akanisimulia kwamba aliwahi kuja Sikonge kwenye mkutano wa injili, ukamfuata nyuma ya jukwaa, akadhani unakwenda kumkemea. Ukamwambia besi yake iko nusu sauti chini. Alhamisi iliyofuata ukatokea mlangoni kwake na chupa ya asali. Akasema, "Alitupa 'Mpagazi' mwenyewe, dada. Sauti zote, mstari kwa mstari, mimi naandika." Nikamjibu kwamba marehemu hana mdomo wa kukana, na kila mwizi wa nyimbo za marehemu angesema hivyohivyo. Akachukua gitaa lake. Pua yake si yako, nimeitazama kwa karibu.

Nikawaambia wapige. Kama mmeupata kwake, upigeni nisikie.

Wakapiga. Nilikaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, mikono nimeikunja, nikisubiri kosa. Binti wao mwimbaji alikuwa na sauti ya pili. Na likaja lile neno, *nitue wapi*, na yeye akapanda kabla ya wenzake. Wote bado wako chini, yeye keshapanda peke yake, akawasubiri huko juu. Nikafurahi, nikainua mkono: "Hapo umewahi, mdogo wangu. Hapo mnangojana, mnapanda pamoja."

Elia akashusha gitaa. Akasema, "Hapana, dada. Mzee alituambia hapo tusiguse. Alisema kuna mtu nyumbani kwake anapaimba hivyo akiwa peke yake, na kwamba huyo ndiye aliyepatia."

Baba.

Uliniondoa kwenye mstari kwa ajili ya neno hilo nikiwa msichana. "Nyamizi, unapanda kabla hujaambiwa." Nikajifunza kungoja. Kwenye kwaya sijawahi tena kulikosea, hakuna hata mmoja wa wale niliowatuhumu aliyelisikia tena. Nilikuwa nalikosea nyumbani tu, nikipanga majani ya tumbaku kwa madaraja, nikidhani uko kwenye redio yako. Kumbe ulikuwa unasikiliza. Ukalichukua kosa langu, ukapanda nalo basi, ukalitia kwenye kitabu cha nota ili kwaya za watu zilijifunze. Na mimi hukuniambia hata siku moja.

Nililia mbele ya mpiga dramu. Alinipa kitambaa chenye mafuta.

Nikawauliza kwa nini basi jina lako halipo. Elia akasema ulikataa. Ulisema likionekana kwenye kitabu cha magitaa, Mzee Mihayo atakunyang'anya kwaya. Hilo nalo nikaliamini mara moja, maana ndiye wewe. Uliyesimama mbele ya ushirika ukasema gitaa la umeme halitaingia kanisani ungali hai! Na watu wakasema amina, nami nikasema amina, na kumbe Alhamisi yake ulikuwa Ng'ambo unamwonyesha kijana mahali pa kulilizia hilo gitaa. Uliogopa, Baba. Siwezi kulisema vizuri zaidi ya hapo. Ulikuwa na watu wawili ndani ya shati moja, na yule mwenye furaha ulimficha mpaka kwetu.

Nilipomsimulia Mama, alicheka mpaka akakaa chini. Kisha akalia. Akasema, "Afadhali ingekuwa mwanamke. Mwanamke ningejua la kumwambia." Baadaye akanishika mkono, akaniomba nisimweleze mtu. Nimwendee Mzee Mihayo polepole, nimwambie tumesamehe, yaishe, lakini ya Alhamisi yabaki nyumbani. "Mwache baba yako alale na heshima yake." Anawawaza wanawake wa kanisa. Anajua watakavyomtazama.

Nilijaribu. Nilikwenda kwa Mzee Mihayo nikasema tumesamehe. Akasema wizi si mali ya familia kusamehe, ni wa kanisa, na tangazo limekwisha kuandikwa. Akanitazama kwa muda mrefu. Nadhani ananishuku.

Kwa hiyo nimebaki na wewe upande mmoja na Elia upande mwingine. Nikikaa kimya, unaendelea kuwa Mwalimu mwenye msimamo, na kijana uliyempa wimbo kwa kinywa chako anatengwa kama mwizi. Nikisema, watakuita mnafiki, na Mama ataona aibu sokoni. Nimeyapima haya tangu jana Alhamisi. Nimekuuliza nikiwa kwenye mabani, nimekuuliza nikioga, nawe hujanijibu hata kwa ndoto, ila sijui nilitegemea nini, hata ukiwa hai ulikuwa hujibu.

Bado nakushuku. Nashuku kwamba ulikipenda kile chumba cha Ng'ambo kuliko kanisa letu. Nashuku kwamba nyimbo zenu zilitoka vizuri zaidi kule, kwa sababu nimezisikia. Nashuku kuna mengine ambayo sijayapata. Lakini hili moja nimelipata, na siwezi kulirudisha lilikotoka.

Pumzika, Baba. Nakuaga sasa, kesho kutwa ni Jumapili na nina gauni la kupiga pasi. Nakuahidi hivi: matangazo yakifika, nitasimama kabla Mzee Mihayo hajavaa miwani yake. Nitasema baba yangu aliwapa. Nitasema na jina lako liandikwe kwenye kitabu chao, upende usipende. Watataka shahidi, na wewe hukuacha shahidi. Sitabishana nao. Nitaimba sauti ya pili, peke yangu, palepale mbele ya madhabahu, na nikifika kwenye lile neno nitapanda kabla sijaambiwa. Nitakuwa namtazama Mama. Yeye peke yake ameisikia hivyo miaka yote, akiwa jikoni, na akitaka anaweza kuinuka na kusema kwamba lililo kitabuni mwao lilitoka kwako.

Mwanao anayekupenda,
Nyamizi