Shetani Anayesema Kipare

Jumanne, 4 Novemba
Asubuhi Tianxiu, jengo la Wachina la maduka ya jumla. Marobota kumi na moja ya jinzi, nimefunga mwenyewe. Mgongo unauma. Mwanaidi wa duka la jirani, Mzanzibari mpenzi wa filamu za kutisha, kaja na simu yake. Filamu ya Kinorwe iliyopotea miaka mingi, mtu kaipandisha mtandaoni.
"Neema, huyu shetani mbona kafanana na wewe?"
Nikacheka. Nikatazama. Kicheko kikaisha. Ni Baba. Kijana, kwenye theluji, kapakwa majivu usoni.

Jumatano, 5 Novemba
Siamini. Baba alisomea misitu Norwe nikiwa mchanga. Alitakiwa kurudi Desemba. Akarudi Aprili, akasema alikuwa anaigiza filamu. Hata picha moja ya filamu hiyo hakuwa nayo. Mama akasema kilichomchelewesha ni mwanamke. Wakaachana. Mimi nikakaa upande wa Mama. Mama tumeshamzika, na bado sijahama upande wake.

Ijumaa, 7 Novemba
Bandari ya Nansha, kontena linapakiwa. Akili haipo. Siku hizi kompyuta inatengeneza uso wowote. Nani ana picha za Baba za ujana? Yeye mwenyewe. Kamtuma mtu? Mzee wa kanisa, yuko Same, simu yake ya kubonyeza. Haiwezekani. Bado namshuku. Nimemwandikia aliyeipandisha, kumuuliza kaitoa wapi. Kimya. Namshuku na yeye.

Jumapili, 9 Novemba
Baada ya ibada nimeitazama yote, VPN ya kufungulia mitandao iliyozuiwa huku ikikatika kila mara. Chini ya video watu wanabishana shetani anasema lugha gani. Mmoja kaandika ni Kilatini kilichogeuzwa.
Ni Kipare.
Ananguruma, macho yamemtoka, na anachosema ni hiki: viatu vimelowa, nina baridi, hawa watu hata chai hawatoi, Mama Neema ataniua nikichelewa.
Nimerudisha mara sita. Kompyuta gani inamjua Mama Neema?
Nimejifungia chooni, nikalia.

Jumatatu, 10 Novemba
Nimempigia. Shikamoo, marahaba, halafu nikamwambia nimeiona filamu yake.
"Ipo?"
"Ipo, Baba."
"Na mimi nimo?"
"Umo."
Akahema. "Mama yako angeiona," akasema, akakata.
Nilimwita mwongo nikiwa na miaka kumi na tano, mbele ya wageni. Leo hakunikumbusha. Najichukia.

Alhamisi, 13 Novemba
Aliyeipandisha kajibu. Kaikuta kwenye dari ya nyumba ya marehemu shangazi yake. Basi. Namwamini.

Jumamosi, 15 Novemba
Nilimtumia kiungo Mchungaji wake, naye kamwonyesha Baba filamu kwenye kompyuta ya ofisi ya kanisa. Yote, mpaka mwisho. Mchana akanipigia. Anasema rangi zimefifia, na kumbe alikuwa mwembamba hivyo.
Nilikuwa nimepanga maneno mengi. Yakatoka mawili tu.
"Nisamehe, Baba."
Akauliza kama huku nakula vizuri.
Nikasema nakula.
Akasema vizuri.