Chupa Niliyokutumia, Dada

Bagara, Babati
Jumanne

Dada yangu Agnesi,

Shikamoo. Kabla hujaitikia, kabla hata hujakaa: ile chupa ya dawa ya chawa niliyompa dereva wa lori awaletee, msiifungue. Kama mmeshaifungua, msimpake mtoto. Kama mmeshampaka, mvue nguo zote, mwoshe kwa maji mengi na sabuni saa hii hii, umkimbize hospitali, na barua hii uende nayo umwonyeshe daktari. Mengine utayasoma ukirudi.

Sasa kama hapo nyumbani ni salama, niitikie shikamoo yangu tuzungumze. Mguu wa Mama unaendeleaje na baridi hiyo ya Njombe? Shemeji amemaliza kuvuna? Mimi mwili hauna neno, ila moyo haujatulia tangu juzi Jumapili, na mwandiko wenyewe unauona unavyokwenda kombokombo kama mshono wa mwanafunzi. Jana nilituma simu ya maandishi: CHUPA NI SUMU MSIPAKE WATOTO. Karani wa posta aliisoma mara mbili, akaniangalia kama mtu aliyepanga kuua ukoo wake. Sijui kama imewafikia. Sijui kama lori limefika au limekwama Dodoma likisubiri dizeli. Namwomba Mungu liwe limekwama.

Nikueleze ilivyokuwa. Kazi yangu siku hizi unaijua. Vitambaa hakuna, uzi wenyewe naufumua kwenye nguo kuukuu. Ninachofanya zaidi ni kugeuza kola: koti limechakaa shingoni, nafumua kola, nageuza upande mzima uje juu, narudishia. Nusu ya Babati inatembea na kola zilizogeuzwa, na fundi ni huyu mdogo wako uliyesema hataweza hata kushona kifungo.

Mwenye nyumba wangu, Baba Neema, mtu wa Mbulu, mpole, mzee wa kanisa, aliniletea koti lake la Jumapili. Kufumua kola, nikakuta chawa wamejipanga kwenye mshono wote. Nikamwambia, "Baba Neema, huku kwenye kola una wapangaji wengi kuliko kule nyumbani, na hawa hawalipi kodi."

Akacheka mpaka akashika cherehani. "Fundi, sabuni iko wapi? Nioge kwa maneno yako?"

Kesho yake akaja na galoni dogo. Mpwa wake ni kibarua kwenye shamba kubwa la maharage, na hiyo ndiyo dawa wanayonyunyizia. "Mdudu wa maharage akiinusa tu anaanguka," akasema. "Chawa ni nani?" Hoja ikaniingia, dada. Nikakumbuka barua yako, jinsi watoto wanavyojikuna mpaka mwalimu anawarudisha nyumbani. Nikaomba kidogo, naye akanijazia chupa. Alhamisi nikamkabidhi dereva. Nilijiona mjomba wa maana sana.

Jumapili tulipotoka kanisani, Baba Neema akaamua kuwamaliza wapangaji wake. Akajipaka dawa kichwa kizima na ndevu, akafunga kichwa kwa kitenge cha mkewe ili isikauke upesi, akavaa lile koti akiwa ameliloweka humo humo, akakaa uani. Tukamcheka. Nikamwambia bibi harusi yuko tayari, bado gari tu.

Tukiwa bado tunacheka akaanza kutoka jasho, jasho la kuchuruzika, na siku yenyewe ilikuwa ya upepo. Mate yakamjaa, machozi yakamtoka. Akasema, "Fundi, mbona giza?" Jua lilikuwa utosini, dada. Akatapika. Kisha nyama za mashavu na mikono zikaanza kucheza zenyewe, kama kuna kitu kinatembea chini ya ngozi, naye anataka kusema na mdomo haumtii.

"Kalogwa huyu," akasema mpangaji mwenzangu.

"Gongo hiyo," akasema jirani kwenye ua.

Mama Neema akawageukia. "Mume wangu hanywi hata chai! Mmesimama mnaangalia nini? Shikeni miguu!"

Tukampakia kwenye mkokoteni wa maji. Gari ungelipata wapi, na mafuta yako wapi? Nilisukuma mimi na tumbo langu hili unalolicheka, na kila nikimwangalia nasikia kifua chake kinakoroma kama mtu anayezama.

Hospitali tulimkuta tabibu wa zamu, mama mmoja wa makamo. Akamfunua kope. Mboni ya jicho imesinyaa, dada, ndogo kama tundu la sindano ya mkono. Akainama, akanusa kile kitenge, akakitupa nje kwa kibano. "Amepaka dawa ya shamba. Mvueni, mnyoeni, mwosheni. Sabuni!"

Muuguzi akasema sabuni imekwisha tangu wiki iliyopita.

Hapo nikakimbia. Nilikuwa na mche mmoja nimeuficha kwenye droo ya cherehani, huku wapangaji wote nimewaapia sina. Niliporudi nao ninahema, Mama Neema aliuangalia, akaniangalia. "Kumbe unayo," akasema. Akaunyakua, akaanza kumsugua mumewe. Hajalitaja tena mpaka leo, na ningependa alitaje, anitukane, yaishe.

Tabibu alikuwa anachoma sindano. Moja, anasikiliza kifua, nyingine, anasikiliza. Akaniuliza huku hanitazami, "Na hiyo dawa iliyobaki iko wapi? Kuna mwingine amepewa?"

Dada, ile chupa yenu! Mpaka dakika ile nilikuwa namwogopea Baba Neema tu. Ndipo nikawaona wanao, Upendo na Toni na yule mdogo, wamekaa kwenye vigoda mbele yako, na wewe umeshika chupa yangu. Jumapili posta imefungwa. Nililala, kama ni kulala, nikawa wa kwanza mlangoni kwao asubuhi.

Nilipotoka posta nikarudi hospitali. Baba Neema yu hai. Amenyolewa, hana nguvu, anasinzia, ila kifua kimekauka na mboni zimefunguka. Neno lake la kwanza kwangu, kwa sauti ya kukwaruza: "Fundi, watoto wa dada yako." Nikamwambia simu nimeshaipeleka.

Tabibu aliniona nilivyo, akanieleza. Mimi nilidhani mishipa ya fahamu ni kama uzi, imeshonwa moja kwa moja kutoka kichwani mpaka kwenye nyama. Kumbe sivyo. Anasema mshipa unafika karibu kabisa na msuli, halafu unaishia hapo. Haugusi. Kuna mwanya, mdogo kiasi ambacho jicho haliwezi kuuona. Mshipa ukitaka msuli ukaze, unamwaga kimiminiko chake kidogo, kinavuka mwanya, msuli unapokea habari, unakaza. Mishipa nayo yenyewe kwa yenyewe huambiana hivyo hivyo. Nikamwuliza, "Mwili mzima?" Akasema, "Mzima. Hata sasa unavyonishangaa."

Kisha lazima kile kimiminiko kiondolewe, la sivyo msuli utaendelea kusikia amri ile ile. Mwili una kitu chake cha kukivunjavunja papo hapo, kama mfagiaji. Sumu hii inamfunga mikono huyo mfagiaji. Ujumbe haufutiki. Jasho linaambiwa toka, toka. Mate yanaambiwa toka. Mapafu yanajaa maji. Misuli inatetemeka mpaka inachoka, hata ile ya kupumulia. Sindano, inaitwa atropini, inaziba masikio ya mapafu na tezi ili zisisikie kelele hizo, mpaka mwili utengeneze wafagiaji wapya. Ndiyo maana bado wanamlaza. Ukifika hospitali, jina hilo litaje.

"Na mdudu wa maharage?" nikauliza.

"Hufa hivyo hivyo," akasema. "Naye ana mishipa. Ulidhani inachagua?"

Ndivyo nilivyodhani, dada. Nilidhani inachagua.

Sasa chupa. Usiimwage. Mwambie shemeji avae mfuko wa nailoni mikononi, achimbe shimo refu mbali na kisima na mbali na mboga, aizike kama ilivyo. Namjua Mama: atasema chupa nzuri hiyo, ina kifuniko chake, chupa hazipatikani, aioshe atilie mafuta. Mwambie mwanawe amesema hapana. Sijawahi kumwambia Mama hapana maishani mwangu, atajua si mchezo.

Chawa wa watoto waondoe kwa wembe. Nimeufunga kwenye karatasi hii nene, ni mpya, ulinichukua nusu siku kwenye foleni.

Nisalimie Mama, shemeji mpe pole ya kuchimba, Shangazi Roza mwambie koti lake linakuja, Mzee Danieli jirani mwombe asiende mbali na baiskeli yake mpaka ijulikane hakuna wa kukimbizwa hospitali. Watoto washike vichwa, mmoja mmoja.

Na unijibu kwa simu, siyo barua. Andika WAZIMA basi. Najua ilivyo taabu kwako kusema neno moja ukanyamaza, lakini dada, safari hii usiongeze kitu. Hilo moja nalisubiri mlangoni posta.

Mdogo wako niliyewatumia sumu nikiita zawadi,

Batholomeo