Ng'ombe Niliowakwangua kwenye Mkanda

Chang'ombe, Dodoma

Dada yangu mpendwa,

Shikamoo. Natumai hapo Ujiji mmeamka salama na uvimbe wa mguu wa Mama umepungua. Mwili wangu mzima, alhamdulillahi, ila moyo hautulii, na wa kumwambia ni wewe tu.

Unajua kazi yangu ni kuunga mikanda ya sinema iliyokatika, ile inayoonyeshwa vijijini kwa gari. Tangu video zienee, gari halitoki sana, na mikanda iliyochakaa tunaambiwa tuitupe. Mimi nikaanza kuichezea. Naikwangua picha kwa wembe, kisha nachora kwa sindano na wino juu ya mkanda wenyewe. Sichori kiumbe, Dada, unanijua. Mistari na nukta tu.

Jumatatu Bi Tausi, anayeendesha mashine ya sinema, akanionyeshea mmoja ukutani. Mistari ikaruka, nukta zikamiminika, nikasema Subhanallah. Bi Tausi akacheka, "Kumbe miaka yote hii umetuficha uchawi wako, Bwana Hamisi." Kisha akageuza mkebe wake, akasoma namba iliyopigwa chini.

"Huu ni ule wa ng'ombe wa josho," akasema. "Mpwapwa wanautaka Ijumaa, wakafundishie wafugaji. Hatuna mwingine."

Nilipopangusa vumbi nilichanganya vifuniko, na majina yameandikwa kwenye vifuniko. Nimekwangua ulio mzima nikidhani ni ule mbovu.

Na wiki hii, Dada, inaandikwa orodha ya wanaopunguzwa kazini. Bi Tausi ananiambia, "Rudisha kifuniko, nyamaza. Ataulizwa mtunza stoo." Mtunza stoo ni Petro, ninayekula naye mchana kila siku. Siku mbili naswali, nikisujudu naona ng'ombe. Leo Petro kaniuliza, "Mbona huli, ndugu yangu, unaumwa?" Nikamjibu ni malaria. Uongo ule ulinitoka mwepesi mno, na umenitisha kuliko hiyo orodha.

Kwa hiyo kesho asubuhi nampelekea mkuu wetu wa kazi mkebe kwa mkono wangu, nimwambie ni mimi. Niombee.

Msalimie shemeji, na binti yangu umwambie ashike masomo. Mama mpe salamu tu, mengine usimwambie.

Ukiniona nashuka stesheni Kigoma na sanduku langu kabla ya Idi, usiniulize kitu mbele ya watu. Nipokee, twende nyumbani.

Mdogo wako akupendaye,
Hamisi