Marahaba Niliyoitikia kwa Niaba Yako

Mama,

Nyumba imebaki yetu. Naanza na hilo kwa sababu najua ungenikatiza kila neno mpaka ulisikie. Hati imerudi, nimeifunga kwenye kanga yako ya kijani, na bango la mnada nimelibandua getini. Gundi yake imegoma kutoka. Nimesugua mpaka mikono inauma.

Sasa nikusimulie, na usinicheke.

Ulipofariki, majirani hapa Miyuji walininong'oneza kwamba benki ikijua mkopaji amekufa inakuja na makufuli. Nikaamini. Tulikuwa ndiyo kwanza tumetoka kukuzika Buigiri, viatu vina udongo wa kaburi lako, simu yako ikaita. "Shikamoo Mama, ni Lukas wa benki." Unajua sauti zetu zilivyofanana, hata mama mdogo alikuwa akituchanganya. Nilitaka kumwambia hupo tena duniani. Nikaitikia, "Marahaba, baba."

Tangu hapo nikawa wewe. Nililipa marejesho kwa simu yako, kutoka kwenye mshahara wangu wa duka la kutoa kopi za karatasi kule Area D, mpaka mwenye duka akapunguza watu na mimi nikiwemo. Lukas akipiga, namwambia asubiri tuvune zabibu. Zabibu zipi, Mama? Mzabibu wako ni huo mmoja wa ukutani, na ndege wanaumaliza kabla hatujaonja! Alikuwa akiuliza magoti yako yanaendeleaje. Namjibu yanasumbua, baridi hii na upepo huu. Nikwambie ukweli, nilikuwa nazingoja zile simu. Hakuna mwingine aliyekuwa bado anakuulizia.

Kisha bango likabandikwa. Nyumba uliyoijenga kwa kuuza wali na maharage, ukiongeza chumba kila ulipopata nafuu, inauzwa mbele ya watu nisiowajua. Nikachukua cheti chako cha kifo, nikaenda.

Kumbe Lukas ni mtu mzima, mvi zimeanza kumtoka. Nikamwamkia. Alishtuka akaniangalia, sauti anaijua, sura haijui. Nikaweka cheti mezani nikasema, "Mama amefariki." Nilikuwa sijawahi kuyatamka maneno hayo. Kanisani aliyasema mchungaji, kaburini akayasema mjomba. Nililia pale mezani kwake, foleni nzima inanitazama.

Nilidhani ataita polisi. Alisoma cheti, akavua miwani. "Pole sana, mwanangu. Mkopo wa Mama una bima. Mkopaji akifariki, bima ndiyo inayomalizia deni. Ungetuambia tu."

Ungetuambia tu, Mama! Miezi yote ile naumwa magoti ya mtu mwingine.

Mnada ukasimamishwa. Nikaenda Mahakama ya Mwanzo, ukoo ukakubali niwe msimamizi wa mirathi yako, nikapeleka karatasi benki, nikazungushwa, nikangoja. Mwishowe bima ikakubali. Lukas mwenyewe ndiye aliyenikabidhi hati. Akaniambia nikusalimie, kisha akakumbuka.

Simu yako haijaita tena. Bado naichaji. Ulikuwa ukinitania kwamba nyumba hii ina milango mingi kuliko watu, ukitaka niolewe. Siku hizi naifungua yote asubuhi na kuifunga yote jioni, na katikati hapiti mtu. Napika ugali mdogo na mlenda wako ulioukausha, nao unakaribia kwisha. Niliitaka sana nyumba hii, na nimeipata. Ninayemtaka humo ndani ni wewe.

Nakuahidi chumba cha mbele nitampangisha mwanafunzi wa chuo, nipate wa kumuuliza kama amekula. Mzabibu nitaufunika wavu. Na simu yako leo naizima, nisiitikie tena salamu zako.

Kabla sijaizima nimekupigia kwa simu yangu. Imeita chumbani kwako, imeita, ikakata.

Shikamoo, Mama.

Mwanao,
Tabita