Sufuria Chini ya Jukwaa

Jumatatu, 3 Machi

Nimeamka, nimekata majani ya ng'ombe, nimechemsha chai, nimekunywa peke yangu. Mfereji umeziba tena kule juu, maji hayajafika kihambani, shamba la migomba la nyumbani. Nimepanda na jembe kuuzibua. Majirani wote wananisubiri mimi nizibue, wajinga hawa. Mgongo unauma.

Mchana nimefungua simu. Barua pepe kutoka kwa Bi. Karin, yule mkutubi mstaafu wa Ujerumani anayeandika historia ya uwanja wa mpira wa mji wao. Niliishi jirani na uwanja ule nilipokuwa nasomea ufundi wa mitambo. Tunaandikiana tangu Krismasi. Nimemweleza mengi. Nyasi, jukwaa la mbao la upande wa magharibi, mzee Uwe mtunza uwanja na mbwa wake. Anafurahi. Sasa ametuma sura ya mwisho, ile ya moto. Niipitie, nijibu kama ni sahihi. Kitabu kinakwenda kuchapwa mwisho wa mwezi.

Sijaifungua. Kijerumani changu kimechoka leo. Uongo huo. Naogopa.

Jumanne, 4 Machi

Nimeisoma. Kurasa mbili tu.

Anaandika kwamba jukwaa liliungua katikati ya mechi kwa uzembe wa mwanafunzi wa Kiafrika aitwaye Aloyce, aliyekuwa amelewa. Timu ikahamia kwingine. Uwanja ukaota magugu, mwishowe tingatinga likaja. Leo ni maghorofa na maegesho ya duka.

Chini kuna picha. Mimi na Aloyce tumeshika kigari cha kuchorea mistari ya chokaa. Tunacheka. Chini ya jina langu ameandika: rafiki wa uwanja wetu.

Nimekula mtori wa jana bila kuupasha.

Jumatano, 5 Machi

Jumatano ya Majivu. Nimepanda kanisani alfajiri. Padri amenipaka majivu, nikarudi kwenye benchi nikiwa na hasira, sijui na nani. Na mimi mwenyewe.

Niandike hapa basi. Nani atasoma.

Baba yake Aloyce alifariki tukiwa kule. Nauli ya kwenda kuzika haikuwepo. Aloyce hakulia. Alisema tu kwamba mzee hawezi kuondoka bila mbege, pombe yetu ya ndizi na ulezi. Ulezi tulikuwa nao, mama yake alimpa mwanafunzi mmoja akaja nao kwenye begi. Ndizi zilikuwa shida. Kule upande wa mashariki miaka ile zilionekana kwa nadra, na watu walipanga foleni. Tukapanga foleni na sisi. Kisha tukaziacha dirishani mpaka zikawa nyeusi. Wajerumani wa bwenini walitushangaa sana, watu wanapata ndizi halafu wanaziozesha.

Mzee Uwe alimpa Aloyce ufunguo wa chumba cha chini ya jukwaa. Kulikuwa na jiko la makaa ya mawe na sufuria kubwa ya kufulia jezi. Jumamosi ile kulikuwa na mechi. Aloyce alipangiwa kubeba machela pembeni ya uwanja. Mimi nilibaki na moto. Kazi yangu ilikuwa moja tu, kukaa pale na kukoroga ndizi.

Kipindi cha pili nikasikia watu wanapiga mbao kwa miguu juu ya kichwa changu. Penalti. Nikasema ni dakika moja. Nikaacha mlango wa jiko wazi, taulo zimening'inia karibu, nikapanda.

Niliporudi moshi ulikuwa umejaa ngazini. Aloyce alikuwa ameshaingia ndani. Alidhani nimo.

Alhamisi, 6 Machi

Nimemwandikia Bi. Karin neno moja: sahihi. Sijatuma. Nimefuta.

Mama Ndeshi, jirani wa chini, ameleta maziwa. Kaniuliza mbona nimenywea hivi. Nimemwambia ni Kwaresima. Amecheka, ameondoka. Nilitamani akae kidogo.

Jumamosi, 8 Machi

Hakuna aliyekufa. Jukwaa liliteketea lote. Aloyce aliungua mkono wa kushoto mpaka kwenye kiwiko, na ufunguo ulikuwa mfukoni mwake. Walipomuuliza alisema, ni mimi. Nilikuwa nimesimama hatua mbili tu kutoka kwake. Aliniangalia mara moja. Nikaangalia viatu vyangu.

Eti alikuwa amelewa. Alewe nini? Ndizi zilikuwa bado jikoni, ulezi mkavu kwenye mfuko. Hapakuwa na pombe. Palikuwa na uji wa ndizi wa matanga ya baba yake.

Walimrudisha nyumbani bila cheti. Mimi nilimaliza, nikapata kazi ya karakana kwenye mashamba ya miwa, nikajenga, nikasomesha watoto. Yeye yuko Bomang'ombe, anaziba pancha za baiskeli na pikipiki. Nimelijua hilo miaka yote. Siku moja nilimwona sokoni kule, nikajificha nyuma ya lori la vitunguu. Mtu mzima na mvi zangu.

Mke wangu alipozikwa, Aloyce alikuja. Alisimama nyuma kabisa kwenye migomba. Akatupa udongo, akaondoka bila kula. Nilimwona. Nikajifanya namsikiliza katekista.

Jumatatu, 10 Machi

Mvua tangu asubuhi. Nimempigia kijana wangu wa Mwanza. Yuko kikaoni. Nimempigia binti wa Dar. Atapiga baadaye. Hajapiga.

Nyumba hii ina vyumba vitano na kikombe kimoja kinachotumika.

Jumanne, 11 Machi

Nimefanya.

Asubuhi nimekata isale kwenye mpaka wa kihamba, pale baba alipopanda masale. Jani refu, bichi. Nimelifunga fundo kama nilivyoona wazee wakifanya. Ukimkosea mtu unampelekea isale, na akilipokea hawezi tena kukukatalia msamaha. Ndiyo maana nimechelewa. Nilikuwa naona ni kama kumlazimisha. Pia kwa desturi unamtuma mtu mzima akutangulie. Nimefikiria nimtume nani. Sina.

Nimeshuka mjini, nimepanda basi la Bomang'ombe, isale ndani ya gazeti kwapani. Kibanda chake kiko pembeni ya barabara ya kuingia sokoni. Alikuwa amekaa kwenye kigoda, anazamisha mpira kwenye karai la maji kutafuta tundu. Mkono wa kushoto una vidole viwili visivyokunja. Anashika mpira kwa kiwiko.

Binti yake alinipa shikamoo na kunivutia benchi. Aloyce hakuinua kichwa. Alijua ni mimi, mabega yalibadilika.

Nilikuwa nimepanga maneno njia nzima. Yote yalipotea. Nilifungua gazeti, nikamnyooshea jani kwa mikono miwili. Nikasema moto ule ulikuwa wangu, ukimya ule ulikuwa wangu, na kwamba sasa wanaandika kitabu. Nikamwambia wameandika kwamba alilewa. Hapo ndipo alipoinua kichwa.

Alikausha mkono kwenye suruali. Akalipokea isale. Akalitazama fundo, akaliweka juu ya meza kati ya gundi na viraka. Hakusema nimekusamehe. Alikwangua kiraka mpaka nikadhani nimefukuzwa. Kisha akauliza, "Ile penalti. Iliingia?"

Nilitamani ardhi ipasuke. Miaka yote hii hajui, ilipopigwa alikuwa ndani ya moshi ananitafuta.

Nikamwambia haikuingia. Ilipaa juu ya mtambaapanya wa goli, ikaangukia barabarani.

Akatikisa kichwa polepole. Akaurudisha mpira kwenye karai. Nilisubiri. Nimeandika namba yangu ya simu kwenye kipande cha boksi, nimekiacha karibu na isale, nimeondoka. Binti amenisindikiza mpaka barabarani, akauliza mzee wewe ni nani. Nimemwambia tulisoma pamoja. Nyumbani nimekaa kibarazani na koti limelowa, sina nguvu hata ya kulivua.

Jumatano, 12 Machi

Nimemwandikia Bi. Karin. Imenichukua siku nzima, kamusi mkononi. Nimeandika jina langu kamili mahali pa Aloyce. Nimeandika mlango wa jiko, taulo, penalti. Nimeandika kwamba hakuna aliyelewa, na kwamba Aloyce aliingia kwenye moto kunitafuta mimi. Nimemwomba aondoe yale maneno chini ya picha, rafiki wa uwanja wetu. Uwanja wao niliuunguza.

Nimetuma kabla sijaisoma mara ya pili.

Jumapili, 16 Machi

Simu iko mezani. Nimeihamishia dirishani, mtandao ni mzuri zaidi pale. Imelia mara moja, binti wa Dar. Tumeongea vizuri. Bado nilikata tamaa nilipoona si namba ngeni, na nimeona aibu kwa hilo.

Jumatano, 19 Machi

Bi. Karin amejibu. Barua fupi, baridi. Amebadilisha sura. Maneno chini ya picha ameyaondoa, yamebaki majina mawili. Anasema baba yake alikuwa mmoja wa waliojenga jukwaa lile. Hajaniuliza habari za nyasi tena. Ana haki.

Ijumaa, 21 Machi

Mfereji umeziba, nimeuzibua. Ng'ombe amekula vizuri. Mvua ndogo, mlima haujaonekana.

Saa kumi simu imelia. Namba ngeni. Hakusalimia. Ameuliza mechi ile iliisha ngapi.

Nimemwambia haikuisha, Aloyce. Watu walikimbia wote.

Akanyamaza. Nami nikanyamaza. Nilisikia mtu anagonga rimu karibu naye, na redio, na pikipiki ikipita. Hakukata. Nami sikukata. Nilivuta kiti dirishani nikakaa na simu sikioni, tukabaki hivyo mpaka salio lake likaisha.