Panya Wanaoitika Mkono Wangu

Diani, Jumapili

Dada yangu Umazi,

Shikamoo. Kabla sijakuuliza hali, ujue kwamba ndugu yako sasa ni mtu mkubwa huku Diani, hata nikiugua bahari husita kujaa. Goti lako vipi? Na mfereji wa Kinango umetoa maji, au bado mnamtegemea punda?

Shemeji amenifikishia maneno yako: panya wamepanda lutsagani, pale juu ya meko, wanamaliza mahindi ya mbegu, na mvua ndiyo hiyo inakaribia. Unauliza nikutumie dawa au uchukue mtoto wa paka kwa jirani. Ala! Paka wa nini, na nduguyo anaamrisha panya?

Sikiliza. Mama Greta, yule mzungu mzee ninayemtunzia nyumba, anafuga panya weupe wawili, wanalala pahali laini kuliko kitanda changu. Alikuwa akiwapigia mluzi mpaka midomo inakauka, hawamjali. Nikamwambia, "Mama, panya hufundishwa kwa mkono." Wa kulia ukaamuru, wa kushoto ukalipa korosho. Nikiinua kiganja, wanasimama kwa miguu miwili kama askari. Na kuwaita, niliwaita tunavyoitana sisi: kiganja kimetazama chini, vidole vinakwangua hewa. Wakiuona tu mkono, mbio!

Juzi wakaja wageni wake, wazungu wenzake, kunywa chai. Wakati wa kuondoka wakasimama mlangoni, wote wakapunga vidole, kwaheri, kwaheri. Kumbe wenzetu huagana kwa mkono uleule sisi tunaoitia! Panya wakaona wanaitwa na kundi zima. Mmoja akapanda suruali ya mzee wa watu, wa pili akazama mkobani mwa bibi mmoja. Ukelele ule, Tiwi waliusikia.

"Beja! Umewafundisha nini hawa?" Mama Greta akalia.

"Adabu, mama. Wakiitwa, huitika."

Nikainua kiganja. Wa kwanza akaruka chini, akasimama wima. Wa mkobani akachomoza kichwa na mikono, naye wima. Halafu makofi! Hata Kazungu mpishi, anayeniita fundi wa uongo, alipiga mpaka akaangusha sinia.

Basi mbegu zako usizililie. Jumamosi naja, nitasimama chini ya lutsaga, niwapange mstari, niwahamishie kwa jirani.

Mama mzazi mpe shikamoo yangu. Shemeji na mbuzi wake, salamu. Mpwa wangu anayesomea ualimu mwambie mjomba naye ni mwalimu.

Ndimi nduguyo,
Beja, mkuu wa panya Diani nzima

Dada, hapa usimsomee mtu. Hawa panya weusi wa chumbani kwangu hawajui ishara hata moja. Nimewainulia kiganja, wamenitazama, wakaendelea kutafuna. Suruali yangu ya sikukuu wameitoboa makalioni. Ukiniona nashuka na kikoi, usiniulize mbele ya watu. Na wale watoto wa paka, chukua wawili. Mmoja nitarudi naye.