Watu Wako ni Nani

Kavira mjukuu wangu,

Huku Ndosho tungali hai, ila tangu koko yako, mke wangu, afariki, nyumba imenyamaza. Unauliza utawajuaje watu wako, maana simu imejaa marafiki na huko Kinshasa uko mpweke.

Baba yangu alipokufa, nikiwa kijana Butembo, jirani tuliyegombania naye mpaka wa shamba alikuja matangani na mkeka wake. "Songa, mutoto," akaniambia. "Baba yako alikuwa mukaidi, lakini leo nalala hapa." Nilicheka huku nalia.

Kwenye matanga ya koko vijana walipiga picha, wakaenda. Wewe ulinitumia pole zote ulizoandikiwa mtandaoni. Nilizisoma. Nilitaka tu mutu aniulize kama nimekula. Hata wewe hukuuliza.

Babu yako